Jabali wa Bure

Saa nne asubuhi, katikati ya kibanda cha Mwasiti Mkude, Mwalimu Lugome alikuwa anamvunja mtu mbavu, na alikuwa anafurahia. Kushoto, kulia, kushoto tena. Usoni alivaa kofiamacho, ile kofia inayofunika uso mpaka puani na kumtoa mvaaji hapa duniani, na kumwingiza kwenye dunia nyingine ya kutengenezwa. Juu ya shati lake la kazini alivaa fulanahisi, inayosoma mwendo wa mwili na mapigo ya moyo, na mikononi glavu zenye maelfu ya nyuzi za kuhisi. Ukimtazama kutoka nje utasema anapigana na hewa. Kule aliko, ngumi zilikuwa zinatua kwenye nyama.

"Lala," alikuwa anasema kwa meno yaliyobana. "Lala chini, mshenzi wewe."

Na huyu, jamani, ni mwalimu wa kemia. Mtu mpole, anayemwomba radhi roboti wa kufagia akimkanyaga waya. Lakini ndivyo Morogoro ilivyokuwa mwaka ule. Asubuhi watu wanasalimiana vizuri, wanaulizana habari za watoto, kisha wanavaa kofia na kwenda kuua.

Mwasiti alikuwa fundi wa kofiamacho pale Msamvu, na mji ulimjua kwa jambo moja: kutafuta michezo ya bure. Kofia mtu anajinyima ananunua, anafika nayo nyumbani ni tupu, na michezo yenyewe inauzwa bei ya kuezekea nyumba. Basi wanamjia: dada Mwasiti, niwekee ya bure. Naye kila siku akifungua kibanda anapekua mtandao mzima, anatenga ya bure iliyooza na ya bure iliyo salama, anaufungua kila mmoja nusu dakika aone kama unawaka, halafu anaijaza kwenye kofia za watu. Kucheza hakuwa anacheza. Muda wenyewe angeutoa wapi?

Mchezo uliotikisa mji uliitwa Mpige Jabali. Bure kabisa, hauna hata tangazo moja. Unaingia ulingoni, mbele yako limesimama jitu la mawe lisilo na uso wala sauti, unalipiga mpaka lianguke. Kilichowapagawisha watu ni jinsi lilivyoumia. Majitu ya michezo mingine yaliendeshwa na akili mnemba, yakaanguka kwa namna kumi au kumi na mbili, na ukishazikariri zote unachoka. Jabali hakuanguka kwa namna moja mara mbili. Ukimpiga ini alijikunja na kutafuta pumzi. Ukimpiga tena palepale alitetemeka magoti. Mwasiti alikuwa ameshauweka mchezo huo kwenye kofia mia nne na zaidi, na alijivunia kwamba yeye ndiye aliyeuona wa kwanza.

Mwalimu alivua kofia, akaomba maji. Alikuwa bado na raundi moja, na Jabali alikuwa anamsubiri kwenye kona mpaka kengele ilie, lakini alitaka kwanza kupumua. Huku anakunywa akaanza kulalamika kwamba Jabali siku hizi ana dharau. Ukimbana kwenye kamba ukamshindilia, anashusha mkono mmoja na kujipiga paja mara mbili, kama anayecheza ngoma. Vijana wameshaugeuza mtindo, wanaucheza kwenye harusi.

"Anakukejeli kabisa," alisema mwalimu. "Akinifanyia hivyo mimi hasira zinapanda, nampiga mpaka mkono unakufa ganzi."

Akasimama amwonyeshe. Mkono wa kulia ukabaki kidevuni, wa kushoto ukashuka. Akajipiga paja, pa, pa.

Bisibisi ikamponyoka Mwasiti.

Alimwomba arudie. Mwalimu akarudia, akicheka. Mwasiti hakucheka. Ishara ile haikuwa ngoma, na duniani walikuwa wamebaki watu wawili tu wanaoijua. Mmoja ni yeye.

Marehemu baba yao alikuwa kocha wa ndondi kule Kihonda. Aliwafundisha wanawe wawili uani, Mwasiti na mdogo wake Kondo, kwa glavu zilizoshonwa shonwa na kinga za meno alizozikata kwenye ndala kuukuu. Ukiwa na mpira wa ndala mdomoni huwezi kusema kitu kikaeleweka. Kwa hiyo mzee aliweka sheria: ukizidiwa, mkono wa kulia usitoke kidevuni, wa kushoto piga paja mara mbili. Maana yake basi, imetosha. Na mwenzio akishaona hivyo anaacha palepale, hata kama ngumi ilikuwa njiani. Siku moja Mwasiti, ana miaka kumi na minne na hasira zake, alimpiga Kondo baada ya ishara. Baba yake hakumsemesha siku tatu. Ya nne alimwambia anayempiga aliyesema basi si bondia, ni muuaji, na hataki kumlisha muuaji nyumbani kwake. Hakumpiga hata kofi, na Mwasiti aliyashika maneno yale maisha yake yote.

Kondo alikua akawa bondia kweli, mpaka pambano lililomwacha sikio moja halisikii, madaktari wakamfungia kupigana. Miezi minane iliyopita aliaga, akasema amepata kazi mgodini, mbali sana kusini, chini huko ardhini ambako mtandao haufiki. Kila Ijumaa, siku ya kupanda juu, ulikuja ujumbe wake wa sauti: dada, mimi mzima, kazi inaendelea. Sauti nzito kidogo. Mwasiti alidhani ni vumbi.

Alichukua kofia na glavu za mwalimu bila kuomba, akazivaa.

Ulingo ulikuwa mweupe, na Jabali alisimama kwenye kona yake, mrefu, kijivu, uso laini usio na jicho. Kengele ikalia. Jitu likaja mbele kwa hatua za uchovu, mguu wa kushoto ukiburuta. Mwasiti hakunyanyua ngumi. Aliweka mkono wa kulia kidevuni, wa kushoto akajipiga paja mara mbili.

Jabali akasimama. Kichwa kikainama upande mmoja, upande wa sikio linalosikia. Kisha mkono wa jiwe, polepole sana, ukashuka ukagonga paja. Pa, pa. Na mabega yote yakaanza kutikisika.

"Kondo," Mwasiti alisema. "Kondo, ni mimi."

Hakujibu, maana mchezo ulikuwa umemnyang'anya sauti. Badala yake ilisikika sauti ya kike, tamu, ya akili mnemba inayoendesha ulingo. Ilisema: "Mpendwa mchezaji, pigana. Jabali akikaa bila kupigwa sekunde thelathini, ataadhibiwa kwa uzembe."

Mwasiti aliduwaa, na sekunde thelathini si nyingi. Jitu lilirushwa juu kana kwamba limepigwa na gari, likaanguka kwa mgongo, likajipinda, vidole vya mawe vikikwaruza sakafu. Hakuna aliyeligusa. Mwasiti alipiga kelele, akamlilia, akaitukana ile sauti matusi yote aliyoyajua, nayo ikaanza kuhesabu tena sekunde thelathini kwa utamu uleule.

Kondo aliinuka kwa magoti, kisha kwa miguu. Akamsogelea dada yake mpaka karibu. Akashusha mikono yote miwili, akanyanyua kidevu, akakiweka wazi.

Mwasiti alielewa. Kwenye pembe ya ulingo sheria zilikuwa zimeandikwa kwa herufi ndogo, na yeye kwa kazi yake alikuwa mtu wa kusoma herufi ndogo. Jabali akishindwa kwa pointi, anaingia mchezaji mwingine papo hapo. Akizimika kwa ngumi, anaachwa dakika arobaini, na aliyemzimisha anarudi wa kwanza. Kwenye foleni ya mchezo walikuwa wanasubiri zamu watu mia tatu na kumi na wawili. Wengi wao kofia zao zilipita mikononi mwake.

"Nisamehe, mdogo wangu," alisema, akampiga.

Alimpiga kama baba alivyofundisha, kutoka kisigino, nyonga ikizunguka, ngumi ya kulia kwenye ncha ya kidevu. Glavu zilimrudishia kila kitu: mfupa ulivyohama, meno yalivyogongana, uzito ulivyolegea. Jitu lilianguka kifudifudi. Sauti tamu ikampongeza.

Mwasiti alivua kofia. Kisha akamweleza mwalimu, kwa maneno machache, ni nani aliyekuwa anampiga kila siku akitoka darasani. Mwalimu Lugome aliitazama mikono yake. Alikaa chini, akasema mbavu za kushoto alizisikia zikivunjika wiki iliyopita, akadhani ni ufundi wa mchezo.

"Inuka, Mwalimu," Mwasiti alimwambia. "Utalia baadaye."

Alikuwa na dakika arobaini. Alifungua tumbo la kofia, akasoma muda ambao ngumi ilichukua kusafiri kutoka kwenye glavu yake mpaka mwilini kwa Kondo. Hakuna mchezaji anayeangalia namba hiyo, ni ya mafundi. Mtu akiwa mgodini kusini, isingepungua sehemu ishirini za elfu moja za sekunde. Aliona mbili. Akaangalia tena. Mbili. Kondo hakuwa kusini wala mbali. Alikuwa hapahapa Morogoro, miezi yote minane, na mnara uliopeleka ngumi ulikuwa mmoja tu, ule wa karibu na ghala la zamani la mkonge, mwendo wa bodaboda ya angani usiozidi dakika sita.

Mwalimu alichukua namba ya mnara ikiwa imeandikwa kwenye kiganja, akatoka mbio kwenda polisi, kiatu kimoja kikabaki mlangoni. Mwasiti alitamani kwenda yeye. Lakini dakika arobaini zilikuwa zinakaribia kwisha, na kama hatakuwepo ulingoni, ataingia mwingine.

Akavaa kofia.

Mara ya pili Kondo alikuja akiyumba, akasimama mbele yake, akanyanyua kidevu. Akampiga. Mara ya tatu alilenga vibaya, ngumi ikatua shavuni, Kondo hakuzimika, ikabidi ampige tena huku mdogo wake amepiga magoti, na hilo hatalisahau mpaka anaingia kaburini. Kati ya pigo na pigo alipiga simu polisi. Afisa mmoja alimuuliza kama analalamikia mchezo alioupakua mwenyewe kwa hiari yake. Mwingine alisema mwalimu amefika na kelele zake na wanatafuta kibali. Mara ya nne. Mara ya tano alizungumza naye kwanza, sekunde ishirini na tano, akamwambia tuko karibu, vumilia, halafu akampiga. Kila mara ilikuwa ngumi ya huruma, na kila mara ilivunja kitu. Mara ya sita Kondo hakuyumba tena. Alikuwa ameshasimama katikati kabla ya kengele, mikono chini, kidevu juu, anasubiri. Ya saba vivyo hivyo.

Mara ya nane ulingo ulikuwa mtupu. "Jabali hayupo," ilisema sauti. "Tumekuchagulia michezo mingine ya bure."

Mwasiti alifika ghalani jua bado lipo. Polisi walikuwa wameng'oa malango, na roboti wawili wa ulinzi walikuwa wamelala pembeni, vichwa vimefunguliwa. Mwalimu Lugome, kiatu kimoja, alimweleza alichokiona ndani. Vyumba arobaini na moja, kila kimoja kimepangiwa kofia zake, na ndani mtu amefungwa kwenye suti ya chuma iliyojaa nyundo ndogo za hewa. Mtu akipiga Msamvu, au Songea, au nchi nyingine kabisa, nyundo inampiga huyu mahali palepale. Walinaswa kwa ahadi ya kazi, na ujumbe wa Ijumaa walisomeshwa kwenye karatasi. Wenye mchezo hawakuhitaji kuuza mchezo. Waliuza hasira za wachezaji, mapigo yao ya moyo, namna kila mtu anavyofika mahali pa kuua, kwa wanaotengeneza askari wa chuma.

"Bure," alisema mwalimu, akatema mate chini.

Walianza kuwatoa. Watu wazima, wanaume kwa wanawake, wamevimba, wengine wamebebwa. Kondo alitoka akitembea mwenyewe, mguu wa kushoto ukiburuta. Uso ulikuwa na rangi zote isipokuwa rangi yake. Mwasiti alipenya katikati ya polisi. Alimkimbilia, akanyanyua mkono wa kulia amshike shavu.

Kondo aliuona mkono unakuja. Akasimama wima, akashusha mikono yote miwili, akafumba macho, akanyanyua kidevu.

Mwasiti alibaki na mkono hewani. Polisi walikuwa wanapita, machela yalikuwa yanapita, na mdogo wake alikuwa anasubiri kwa utulivu, shingo imenyooka, amtendee wema. Mwasiti alipiga magoti mavumbini mbele yake. Akampiga paja la kushoto kwa kiganja, taratibu, mara mbili. Akangoja. Akampiga tena mara mbili.

Kidevu kilibaki juu.