Jiwe la Kijani

Kila asubuhi, kabla ya kengele ya shule, Wabiwa alipitia mtoni. Mama yake, Mama Suzanne, alitangulia na beseni la mihogo iliyomenywa kichwani, naye akafuata na daftari kwapani. Pale ambapo mto unapinda kidogo kabla ya kuingia ziwani, akina mama wa mtaa ule wa Baraka walikuwa na mashimo yao ya kulowekea mihogo. Yalikuwa kumi na mawili, yamezungushiwa mawe, maji yakiingia upande huu na kutokea upande ule. Kila shimo lilikuwa na mwenyewe.

Mihogo yao ilikuwa michungu. Ilipaswa kukaa majini siku tatu ili sumu itoke; kisha ikaanikwa, ikatwangwa, na jioni ikawa bukari, ugali wao. Siku tatu, si mbili. Hilo kila mtoto alilijua hata kabla ya kujua kusoma.

"Weka jiwe juu, maji yasiichukue," alisema Mama Suzanne.

"Nimeweka, mama."

"Basi kimbia. Direkta wa shule akikuona umechelewa atakupigisha magoti mbele ya bendera, na mi sitakuja kukuombea."

Wabiwa alikuwa na miaka kumi na miwili, mwaka wa tano. Alisoma vizuri na mwandiko wake ulisifiwa shule nzima. Lakini kumuuliza mtu mzima jambo lolote kulimtia jasho. Akitumwa kuomba chumvi kwa jirani, alizunguka nyumba mara mbili kabla ya kupiga hodi.

Ndiyo maana kazi aliyoitoa Mwalimu Asukulu mwezi ule ilimnyima raha. Inspekta wa shule angekuja kutoka Fizi pamoja na wageni. Wanafunzi wangewatembeza kwa miguu kando ya mto, kutoka ziwani hadi darajani, wakiwaeleza historia ya kila mahali. Kwa hiyo kila mwanafunzi achague mahali pamoja, amtafute mzee, amuulize, aandike ukurasa mmoja.

"Na chini ya ukurasa," alisema mwalimu, "mtaandika jina la mzee aliyewaambia."

Wabiwa alikwenda kwa Koko Marthe, bibi mzee kuliko wote mtaani. Mara ya kwanza alimkuta akitwanga; akasimama nyuma ya ua, akarudi. Mara ya pili akamkuta na wageni, akarudi tena. Jumapili ilipofika alikuwa hana hata mstari mmoja. Akaketi mlangoni, akalikumbuka jiwe kubwa lililokuwa karibu na mashimo ya mihogo, na kalamu ikaanza kwenda yenyewe. Aliandika kwamba hapo zamani mfalme mmoja aliketi juu ya jiwe lile, akawahesabu mashujaa wake kwa kokoto, akaizuia misafara ya wafanyabiashara wa watumwa isivuke. Ilikuwa hadithi nzuri. Chini yake akaandika: *Nimeambiwa na Koko Marthe.*

Jirani yake wa dawatini, Kabanyana, ambaye wazazi wake walikuwa wameteremka kutoka milima ya Minembwe, alikuwa ameandika juu ya mashimo ya mihogo. Naye pia aliambiwa na Koko Marthe, ingawa watoto wa mtaa walimcheka njia nzima kwa jinsi alivyotamka maneno.

"We Koko alikuambia saa ngapi habari ya mfalme?" Kabanyana alinong'ona. "Mi nilikaa kwake siku mbili. Hakumutaja mfalme hata kidogo."

"Alikuwa amesahau kukuambia."

"Eeh! Koko Marthe asahau? Yeye anakumbuka mpaka mbuzi walioliwa kwenye harusi ya mama yake."

Wabiwa alijifanya anachonga kalamu.

Direkta alisoma kurasa zote ofisini. Karatasi ya Kabanyana aliiweka kando. "Mashimo ya mihogo! Inspekta atoke Fizi kwa barabara ile mbovu aje kutazama mihogo?" Lakini ya Wabiwa aliisoma mara tatu, kisha akaja mwenyewe darasani akiipeperusha. "Mfalme! Mashujaa! Hii ndiyo historia! Wewe mtoto utawaongoza wageni."

Darasa zima lilimpigia makofi. Wabiwa alihisi makofi yale yakimwangukia mgongoni kama mvua ya mawe.

Jumamosi ilikuwa siku ya salongo, kazi ya lazima ya umma ambayo serikali ilitaka kila raia aifanye. Siku hiyo Direkta aliwapeleka wanafunzi wote mtoni. Jiwe lilipakwa rangi ya kijani, rangi ya chama tawala, na bendera ndogo ikachorwa juu yake. Kisha Direkta akayaonyesha mashimo kwa fimbo. "Mahali pa heshima hapawezi kunuka mihogo. Fukieni yote. Inspekta akikubali, tutajenga uzio hapa, na hakuna mtu atakayeloweka tena."

Akina mama waliitwa watoe mihogo yao. Walitoa bila neno. Wakati ule, mtu aliyebishana na amri ya salongo aliweza kuitwa mahali ambapo hakutaka kuitwa. Wabiwa alipewa beseni la mchanga. Alitembea nalo mpaka kwenye shimo la mama yake, akamwaga. Mchanga ulizama, maji yakachafuka. Akaenda kuchota mwingine.

Mihogo ya Mama Suzanne ilikuwa imelala majini siku moja tu.

"Nitaianika sana," alisema nyumbani, akiipindua juani kwa kidole. "Jua litasaidia. Tutafanya nini? Unga umeisha."

Jumatatu Albert, mdogo wake Wabiwa mwenye miaka minne, alikula bukari kuliko wote kwa kuwa alikuwa na njaa. Kabla jua halijazama alianza kutapika. Alisema kichwa kinazunguka. Alipojaribu kusimama, miguu ilikataa. Mama Suzanne alimbeba mgongoni hadi zahanati, na Wabiwa akakimbia nyuma yao akishika kandambili moja iliyodondoka.

"Ni sumu ya muhogo," alisema muuguzi. "Mama, mliloweka siku ngapi?"

Mama Suzanne hakuinua macho. "Ni mimi. Nilijua siku ni tatu. Ni mimi."

Wabiwa alitaka kusema, "Hapana, mama, ni mimi." Akisema, Direkta angemfukuza shule. Asiposema, uzio ungejengwa, na mama zake wote wa mtaa wangebaki bila mahali pa kuloweka. Kila upande aliogeukia kulikuwa na ukuta.

Jumanne alimfuata Mwalimu Asukulu nyuma ya darasa. "Mwalimu, lile jiwe..."

"Lile jiwe limeandikwa kwenye barua iliyokwenda Fizi," mwalimu alimkatiza, akitazama huku na huku. "Barua ina mhuri. Usinitafutie maneno, mwanangu. Kariri tu."

Akakariri. Albert alirudi nyumbani Jumatano, amekonda, akitembea kwa kushika ukuta. Alipomwona dada yake alicheka. Kicheko kile kilimuumiza Wabiwa kuliko fimbo.

Alhamisi wageni walifika: inspekta, mtu mnene mwenye miwani na koti la abakosi walilovaa wakubwa wa serikali, na wengine kumi. Wabiwa alitembea mbele, shati jeupe, sketi ya buluu, Direkta pembeni yake kama kivuli. Penye mdomo wa mto alieleza jinsi wavuvi walivyogawana mahali pa kuegesha mitumbwi yao. Penye kivuko cha zamani alieleza jinsi watu walivyovuka kwa kushikana mikono kabla ya daraja. Hayo yalikuwa ya wenzake, na yalikuwa ya kweli. Sauti yake ilitoka safi. Wageni walitikisa vichwa kwa kuridhika. Lakini kila hatua ilimsogeza kwenye jiwe.

Ng'ambo ya mto akina mama walikuwa wamesimama, mikono imekunjwa. Mama Suzanne alikuwa katikati yao, Albert mgongoni. Na karibu na jiwe la kijani, juu ya kiti kilicholetwa kutoka ofisini, aliketi Koko Marthe. Direkta alikuwa amemwita kama shahidi, bila kumwambia wa jambo gani.

Wabiwa alisimama. Akafungua kinywa. Akaanza: "Hapo zamani, mfalme mmoja..." Akamtazama Koko Marthe.

"Endelea," Direkta alisema kwa meno yaliyobanwa.

Inspekta alimgeukia bibi. "Koko, ni wewe uliyemwambia mtoto habari hii ya mfalme?"

Koko Marthe alilitazama jiwe lile, kisha akamtazama Wabiwa, muda mrefu. "Mutoto mwenyewe anajua nani alimuambia," alisema.

Wabiwa aliona kwamba bibi amemwachia mlango mmoja wazi, na kwamba mlango ule ulikuwa mwembamba sana.

"Hakuna aliyeniambia," alisema. Sauti ilikuwa ndogo, lakini mto ulikuwa umetulia na wote walisikia. "Nilitunga. Nilimwogopa Koko, sikumuuliza. Nikaandika jina lake. Hapa hapakuwa na mfalme. Palikuwa na mashimo ya mihogo ya bamama, na tuliyafukia kwa sababu yangu, na mdogo wangu alikula mihogo ya siku moja, akaanguka."

Direkta alikuwa amegeuka rangi ya majivu. "Sitwayeni Inspekta," alisema, kwa neno la "raia" ambalo serikali ilitaka watu waitane, "mtoto huyu ana homa..."

"Ngoja kidogo," alisema inspekta. "Hayo mashimo yako wapi?"

"Hapo unaposimama, baba."

Inspekta alitazama chini, akainua mguu mmoja, kisha wa pili, kama mtu aliyekanyaga chakula cha wenyewe. Mgeni mmoja alikohoa kuficha kicheko. "Nani anajua habari za mashimo haya?"

Mwalimu Asukulu alitoa mfukoni karatasi iliyokunjwa, akampa Kabanyana. Alikuwa ameitunza siku zote hizo.

Kabanyana alisoma kwa matamshi yake ya milimani, na safari hii hakuna aliyecheka. Alisoma kwamba zamani, wakati wa Wabelgiji, wanaume wa mtaa walichukuliwa kwenda kulima barabara, wakakaa miezi mingi. Wake zao walibaki na mihogo michungu tu. Wakayachimba mashimo kwa mikono, wakayazungushia mawe, kila mama na lake, na mwaka ule hakuna mtoto wa mtaa aliyekufa njaa. Mama yake Koko Marthe alichimba la tatu kutoka kwenye jiwe.

Inspekta alivua miwani akaifuta, ingawa haikuwa na vumbi. "Mama yangu alinilea kwa shimo kama hilo," alisema. "Direkta, Jumamosi hii salongo itafanya nini?"

"Itafukua mashimo, Sitwayeni Inspekta. Ndivyo hasa nilivyokuwa nikifikiri."

Ng'ambo ya mto akina mama walipiga vigelegele.

Jumamosi wanafunzi walichimba. Wabiwa alianza na shimo la mama yake, kwa mikono, kwa maana jembe lilikuwa linagonga mawe. Mama Suzanne alikuja akachuchumaa kando yake. Alimwita kwa jina lake la ubatizo, lile ambalo serikali ilikuwa imelikataza kwa wanafunzi na ambalo mama alilitumia mara chache tu, wakati wa jambo zito.

"Adolphine, siku ile kwenye zahanati ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa ninajua, mama. Nisamehe."

Mama alitoa mchanga viganja viwili. "Mi nilijidanganya kuwa jua litafanya kazi ya maji. Na we ulidanganya. Wote wawili tulitaka kupita njia fupi, akalipa Albert. Uoga si kosa, mutoto wangu. Hata mi ninaogopa watu. Lakini ukiogopa, sema unaogopa. Usiweke uongo mahali pa uoga, maana uongo unaanza kufanya kazi ambayo hukuutuma. Umesikia?"

"Nimesikia."

"Haya, chimba."

Hakufukuzwa shule; adhabu yake ilikuwa kwenda kwa Koko Marthe kila Alhamisi, kuuliza na kuandika, mwaka mzima. Jiwe lilibaki la kijani. Rangi ilikuwa ya chama, na hakuna mtu, hata Direkta, aliyethubutu kuikwangua. Akina mama walianikia juu yake mihogo iliyolowa vizuri, ya siku tatu.

Alhamisi ya kwanza Wabiwa alisimama nyuma ya ua wa Koko Marthe, jasho likimtoka kama zamani. Alizunguka nyumba mara moja. Kisha akapiga hodi.

"Koko," alisema, "mi ninaogopa kuuliza. Lakini lile shimo la mama yangu, nani alilichimba?"

Koko Marthe alisogea kumpa nafasi kwenye mkeka. "Kaa," alisema. "Hiyo ni habari ndefu."