Kola ya Karatasi

Wenzake darasani walimwita Kimya, na jina likamganda. Si kwamba hakuwa na maneno. Hakuwa na wa kumwambia. Baba yake, dereva wa lori, alirudi mara moja kwa mwezi. Mama yake, fundi cherehani, alikuwa na mimba ya miezi mitano na kazi za kushona zimemfika shingoni. Kila akitoka shule, Kimya alijifungulia mlango, akala peke yake, akaosha sahani moja na kijiko kimoja, kisha akaenda kwenye kibanda cha kushonea kumsaidia mama kuchomoa pini.

Jumatatu moja nesi wa kliniki ya karibu na shule alimsimamisha njiani, akampa barua. Alimsisitizia aifikishe mkononi mwa mama, maana simu yake haikupatikana. Wiki iliyopita mama alipigwa picha ya tumbo, akaambiwa kukiwa na jambo ataitwa. Asipoitwa, basi mambo ni shwari.

Kimya aliisoma akitembea. Mama alitakiwa hospitali kuu siku ya Alhamisi apimwe tena, na huenda angelazwa. Neno hilo la mwisho lilimkata maini. Mama alipolazwa mwaka jana, yeye aliachwa kwa jirani siku nane, na siku zote hizo hakuna aliyemuuliza hata ameamkaje. Basi akaichomeka barua kwenye mfuko wa karatasi kuukuu ambazo mama hukatia vielelezo vya nguo. Alijiambia ataitoa kesho. Kesho ikaja, ikapita.

Jumatano mama alitafuta karatasi ya kukatia kielelezo cha kola. Alitia mkono mfukoni bila kutazama, pini zimejaa mdomoni, akachora upande mweupe, akaanza kukata. Kimya aliuona muhuri wa kliniki ukigawanyika. Angeweza kunyamaza tu, nani angejua?

"Mama, usikate. Hiyo ni barua yako. Niliificha mimi."

Mama alitema pini kiganjani, akaviunganisha vipande, akasoma mara mbili. Kimya alisubiri kofi. Halikuja, na hilo lilimuumiza zaidi. Akaeleza yote, ya jirani na ya siku nane, huku akilia.

"Niliogopa kubaki tena peke yangu," alisema.

Asubuhi yake waliondoka pamoja kwenda hospitali kuu. Daktari alipitisha kifaa chake tumboni mwa mama, akawaonyesha kwenye kioo cha mashine mifupa ya mgongo wa mtoto. Pale chini kabisa palikuwa na sehemu ambayo haikufunga. Alisema huo ni mgongo wazi. Mtoto azaliwe hapo hapo, apasuliwe mapema, kidonda kifungwe kabla vijidudu havijaingia. Huenda miguu ikawa dhaifu, lakini wangemfuatilia kwa karibu.

"Ni kwa sababu nilificha barua?" Kimya aliuliza kwa sauti ndogo.

"Hapana, binti. Mgongo hufunga mwezi wa kwanza wa mimba, wakati wengi hawajajua hata kama ni wajawazito. Ndiyo maana tunahimiza vidonge vya foliki asidi kabla ya kushika mimba. Ila usingesema, angezaliwa nasi hatuna habari. Sasa tuna miezi ya kujiandaa."

Wakajiandaa kweli. Siku zilipokaribia, mama mdogo alikuja kukaa na Kimya. Mtoto alizaliwa, na kesho yake akapasuliwa salama.

Mtoto aliporudi nyumbani, mama alimshonea kigauni cha kufungwa kwa kamba ubavuni, kisichogusa kovu. Kola aliikata kwa kielelezo kile kile cha barua, kimeungwa kwa gundi.

"Ulifanya vyema kusema ukweli, mwanangu," alimwambia Kimya. "Ila ukiogopa tena, usingoje Jumatano. Niambie Jumatatu ile ile. Hofu ikifichwa huumiza hata wasiohusika. Na mimi nilikosea, sikuwa nikikuuliza hali yako."

Asubuhi iliyofuata, kabla ya kugusa cherehani, mama alimuuliza Kimya ameamkaje, kisha akaweka mkasi chini kusubiri jibu.