Idhini ya Muzna

Mimi si mtu wa kuzua. Ukuta wa nyumba ya kina Muzna, Mji Mkongwe, ndio ukuta wangu, na siku ya ndoa yake ilianza vizuri tu: biriani jikoni, watoto wanagombania halua.

Ila ndoa yenyewe ilikuwa ya ugomvi. Ukoo ule una ruhani wao, jini wa kurithiwa, na kila kizazi binti mmoja haolewi, hubaki nyumbani kumfukizia udi. Shangazi yake, Bi Badria, alikataa posa zote kwa ajili hiyo, mpaka akafa mwaka jana. Zamu ikamwangukia Muzna.

"Mwanangu, utatuponza," mama yake, Bi Nunu, alimlilia.

"Mama, mimi nnampenda Ammar. Nnaolewa."

Nikafurahi, wallahi. Msichana mzima umfungie ndani kwa ajili ya moshi? Ebo!

Alasiri alikuwa akipambwa juu, chumba cha marehemu. Feni ikazima, jasho likaharibu wanja, tukamhamishia kwangu yeye na wapambaji wote. Hakuna aliyekumbuka kumwambia baba yake.

Mzee Amour akapanda kuomba idhini ya kumwozesha. Kwetu baba husimama nje ya mlango, maana mwari huona haya. Akauliza. Kimya. Akauliza tena. Kimya. Mara ya tatu akajibiwa taratibu:

"Nimekubali, niozeshe."

Akenda msikitini. Ndoa ikafungwa.

Huku kwangu Muzna akaninong'oneza, "Mbona baba haji kuniuliza?"

Nikatoka mbio. Mzee Amour nikamkuta ngazini, kesharudi. Nilipomwambia Muzna yuko kwangu tangu alasiri, akakaa chini.

"Ile sauti," alisema, "nilidhani mtoto kafanana na shangazi yake."

Tukafungua chumba. Hamna mtu. Kitanda kina joto.

Ammar alishapita kumchukua mkewe. Majirani walimwona akifungua mlango wa gari kwa adabu, akingoja, akaufunga. Aliyeingia hawakumwona.

Tukamfuata nyumbani kwake, mtaa wa Mpendae. Ammar akafungua mlango kidogo, akamtazama Muzna kama mgeni.

"Karibu, shemeji. Mke wangu anaoga."

Ndani maji yalikuwa yakimwagika.

Muzna hakulia. Aligeuka, akarudi kwao, na sasa yeye ndiye anayefukiza udi. Ukoo umetulia. Mimi moyo unaniuma.

Ammar kanenepa, kanzu zake zimenyooka, na mkewe hakuna aliyemtia machoni. Ila uani mwake kwenye kamba limeanikwa buibui moja, nalijua, la Bi Badria. Kiangazi kizima, jua kali, na bado linachuruzika maji.