Mlima Uliobebwa kwa Vikapu

Kila asubuhi mzee alitoka na jembe begani akapanda mlima. Jembe lake lilikuwa na mpini mfupi, kama majembe yote ya pale. Ukilima mteremko kwa mpini mrefu, utajichoma tumbo. Njiani alisalimiana na majirani wa ng'ambo ya bonde. Hakuna aliyeteremka. Walipaza sauti tu.

"Umeamkaje huko?"

"Salama! Serikali tu ndiyo haijaamka!"

Majirani walicheka. Ndiyo maana walimwita Mzee Serikali. Mbuzi akila mchicha wake, yeye huuliza serikali iko wapi.

Lakini hakuzaliwa na uchungu ule. Mkewe aliugua wakati wa mvua. Daraja la bondeni lilikuwa limechukuliwa na maji. Wakubwa walikuwa wameahidi daraja jipya tangu mwanawe akibebwa mgongoni. Walikuja na magari, wakala, wakapiga picha, wakaenda zao. Mama wa watu akafia kwenye machela, upande huu wa mto, hospitali ikionekana upande ule. Tangu hapo mzee hakumwamini mtu mwenye kalamu mfukoni. Nani angemlaumu?

Alibaki na mkwe wake na wajukuu wawili. Mwanawe alikuwa fundi wa magari mjini.

Siku moja, baada ya mvua nzito, mkwe alimwita kabla hajavaa viatu.

"Baba! Njoo uone. Ukuta umelala."

Shamba lao lilikuwa la ngazi. Ngazi juu ya ngazi, mpaka karibu na kilele. Kila ngazi ilishikiliwa na ukuta wa mawe. Sasa ukuta wa ngazi iliyokuwa juu ya nyumba yao ulikuwa umepasuka katikati. Udongo na mahindi machanga vilikuwa vimeporomoka mpaka jikoni. Mafiga hayakuonekana. Sufuria moja ilichungulia kwa sikio tu.

Mzee alisimama kinywa wazi. Ukuta ule aliujenga upya yeye mwenyewe, ulipoanza kulegea. Aliziba kila tundu kwa saruji iliyobaki baada ya kujengea kaburi la mkewe. Ulikuwa laini kama ukuta wa benki. Watu walipita wakausifu.

"Walinipa saruji mbovu," alisema. "Nchi hii mpaka saruji inadanganya! Wakubwa wako wapi?"

"Baba, wakubwa hawatakuja kuzoa tope jikoni kwangu."

Mkwe aliegemea koleo. Sauti yake ilishuka.

"Nikuambie jambo, na usinikasirikie. Mume wangu kila akipiga simu ananiita mjini. Nimekuwa nikikataa. Nilisema, baba nimwache na nani? Lakini watoto wanalala chini ya ukuta huu. Mvua kubwa zikitukuta hivi, mimi nawachukua naondoka."

Mzee alichukua ndoo akaanza kuzoa. Nyumba ile bila kelele za wajukuu ingemshinda. Alijua hivyo, na mkwe alijua kwamba anajua.

Mchana alifika bibi shamba, mtaalamu wa kilimo wa eneo lile. Mkwe ndiye aliyempigia simu. Mzee hakuambiwa.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba. Kumbe ofisi ina miguu! Nilidhani ina makalio tu."

Mkwe alijifunika uso kwa kiganja. Bibi shamba alicheka mpaka akashika kiuno.

"Miguu ipo, mzee. Pikipiki ndiyo imenikatalia kule chini. Nimepanda kwa hii hii miguu."

"Wenzako waliotangulia walituambia tubomoe kuta hizi. Ati ni ushamba. Walitaka mlima wote uwe mteremko mmoja, trekta ipite. Trekta yenyewe mpaka leo hatujaona hata tairi."

"Walikosea," alisema bibi shamba.

Mzee alimtazama vizuri kwa mara ya kwanza. Neno hilo hakuwahi kulisikia kutoka ofisini.

"Walikosea sana. Na nyinyi mlifanya vizuri kukataa. Sasa naomba nionyeshe huo ukuta."

Walipanda. Bibi shamba alichuchumaa penye ufa. Alikwangua kwa panga, akanusa udongo, akashika kipande cha saruji.

"Mzee, saruji yako haikuwa mbovu. Ilikuwa nzuri kupita kiasi."

"Unanitania."

"Sikutanii. Mvua ikinyesha, maji yanazama kwenye udongo. Yakifika ukutani yanatafuta pa kutokea. Zamani yalipita katikati ya mawe, polepole. Wewe umeziba kila mahali. Maji yakajaa nyuma yake. Udongo uliolowa ni mzito, mzee wangu. Ulisukuma, ukasukuma, mpaka ukuta ukachoka. Tazama kuta za majirani. Zina saruji?"

Mzee aligeuka. Kuta za majirani zilikuwa na mapengo na kuvu. Zilikuwa kuukuu, na zote zilikuwa zimesimama. Kati ya mawe yao maji yalikuwa yakichuruzika, meupe kabisa.

"Kwa hiyo nimeuua kwa kuupenda," alisema taratibu.

"Ulitaka kuuponya. Ila ukuta wa mlima lazima upumue."

Mkwe naye alikuwa amepanda, koleo mkononi. Bibi shamba aliwauliza wote wawili, "Kuta hizi nani alizijenga?"

"Ah, zilikuwapo," mzee alisema. "Mungu aliuumba mlima hivi. Sisi tunaziba pengo tu."

"Basi njooni mwone."

Pale ukuta ulipopasuka, tumbo la mlima lilikuwa wazi. Chini kabisa palikuwa na udongo mwekundu, mgumu kama tofali. Juu yake palikuwa na mawe madogo yaliyopangwa. Juu ya mawe madogo palikuwa na udongo mweusi, mnene, unaovunjika vizuri mkononi. Ndani ya ule mweusi mlikuwa na mkaa, majivu, na vipande vya vyungu. Mlikuwa pia na vijiwe laini, vya mviringo.

Bibi shamba alichomoa kimoja akampa mzee.

"Mawe ya namna hii unayaona wapi?"

"Mtoni."

"Na mto uko wapi?"

Mzee alinyoosha kidole. Mto ulikuwa chini kabisa bondeni, mwembamba kama uzi.

"Sasa mawe ya mtoni yamepandaje mpaka huku?"

Mzee alikitazama kijiwe, akautazama mto. Mkwe ndiye aliyepiga kelele.

"Yalibebwa! Watu waliyabeba!"

"Walibeba udongo wa mtoni, mawe yakaja humo humo. Kwa vikapu. Mlima wenyewe ulikuwa huu mwekundu tu, usioshika hata jani. Watu walipanga ukuta, wakajaza udongo nyuma yake. Wakamwaga majivu na samadi. Chungu kikivunjika, kilikuja shambani na taka za jikoni. Ngazi moja ikiisha, wakaanza ya juu yake. Wakafa. Watoto wao wakaendelea."

Mzee aliinua macho. Mlima aliouona tangu utotoni ulikuwa mbele yake, na ilikuwa kama hajawahi kuuona. Ngazi zilifuata kila kona ya mlima, zikiingia na kutoka kama mikunjo ya nguo. Kila jiwe lilikuwa na mikono iliyoligeuza na kulijaribu. Kila konzi ya udongo ilikuwa na shingo iliyoumia. Hakuna aliyeacha kibao chenye jina lake. Hakuna mkubwa aliyekata utepe.

"Na hawakuwa na ofisi," alisema.

"Hawakuwa nayo. Mwalimu wao alikuwa mlima. Ukuta mbaya uliwaangukia, wakajifunza, wakajenga mwingine. Lakini msifikiri kazi ilikuwa ya upande mmoja. Mlima nao umewatengeneza nyinyi. Mpini mfupi wa jembe lako ni kazi ya mlima. Nyumba zenu ndefu na nyembamba ni kazi ya mlima. Hata sauti zenu."

"Sauti zetu zina nini?" mzee aliuliza. Jirani wa ng'ambo ya bonde akaitika, "Unaniita mimi?"

Walicheka wote watatu. Mkwe alilazimika kukaa chini.

"Na chemchemi yetu?" aliuliza alipopata pumzi. "Ile ya chini isiyokauka kiangazi?"

"Hiyo nayo. Maji yanayoteremka mbio huenda zake mtoni. Yakikuta ngazi yanasimama, yanazama, yanatokea kwenu polepole. Kuta zote zikianguka, mtachota vumbi."

Mzee alikizungusha kile kijiwe kiganjani. Kisha alisema bila kumtazama mtu, "Tunaanza lini?"

"Kesho. Ila mimi nitaleta kipimo, wewe utaleta mikono. Kupanga mawe sijui kama unavyojua wewe."

Kesho yake bibi shamba alikuja na fito tatu. Mbili alizifunga pamoja juu, kama mtu aliyetanua miguu. Ya tatu aliifunga katikati, ilale. Pale juu alining'iniza kamba yenye jiwe.

"Miguu yote miwili ikiwa usawa, kamba inapita kwenye alama hii ya katikati ya fito iliyolala," alieleza. "Ikienda pembeni, mguu mmoja uko juu. Tunausogeza mpaka kamba irudi. Hapo tunapigilia kigingi. Tukifika mwisho, vigingi vyote vitakuwa usawa mmoja. Ukuta ukifuata vigingi, maji hayatakimbilia upande mmoja."

"Hicho tu?" mzee aliuliza.

"Hicho tu."

"Hata mimi naweza kukitengeneza!"

"Ndiyo maana nimekuja nacho, mzee. Mimi nitaondoka, chenyewe kitabaki."

Walivunja saruji yote. Walichimba msingi mpaka kwenye ule udongo mwekundu mgumu, kwa sababu ukuta ukikaa juu ya udongo laini unazama. Mawe makubwa waliyaweka chini. Ukuta waliulaza kidogo nyuma, uegemee mlima. Bibi shamba alipojaribu kupanga jiwe refu kwa ubavu, mzee alimshika mkono.

"Hapana, mwanangu. Hilo lisilale hivyo. Kichwa kije nje, mkia uingie ndani kwenye udongo. Ndilo litakaloshika wenzake."

"Nani alikufundisha?"

"Baba yangu. Mimi nikaja nikakimbilia saruji." Alilisukuma jiwe mpaka likatulia. "Tena usiliache likicheza. Likicheza leo, kesho litatoka."

Nyuma ya ukuta walimwaga mawe madogo, ili maji yapite na udongo ubaki. Kisha mkwe akarudisha udongo mweusi, kikapu kwa kikapu, kutoka jikoni alikouzoa. Alipofika na kikapu cha kwanza alisimama akihema, akatazama chini alikotoka.

"Hapa kutoka jikoni tu nimekwisha," alisema. "Wao walitoka mtoni."

Mzee alimpokea kikapu kichwani, jambo ambalo halikuwa desturi yake.

Jirani wa ng'ambo alivuka bonde kuja kuwacheka. Alibaki akapanga mawe mpaka jua likaelekea kuzama. Ukingoni walipanda majani ya ng'ombe, mizizi yake ikamate udongo. Jirani aliondoka na vipimo vya fito kichwani mwake, akatengeneza chake. Wengine wakamfuata.

Mvua kubwa zilikuja na hasira zake zote. Mchana mmoja anga lilitoboka. Mzee alisimama mlangoni, macho yake ukutani. Mkwe aliwashika watoto mikono, viatu vyao miguuni, tayari kukimbia. Dakika chache zilipita. Kisha, katikati ya mawe, maji yakaanza kutoka. Yalitoka huku na kule, kidogo kidogo, meupe kama ya kunywa. Hayakubeba udongo. Ukuta haukutikisika.

"Unapumua," alisema mzee. Sauti yake kubwa ilikuwa imempotea.

Msimu ule mahindi ya ngazi ile yalisimama mpaka yakakomaa. Jikoni hapakuingia tope. Daraja halikujengwa, na mzee aliendelea kuwasema wakubwa kila asubuhi, tena kwa haki. Ila bibi shamba alipopita, alipewa kiti.

Kuhusu safari ya mjini, mkwe hakusema tena, na mzee aliogopa kuuliza. Asubuhi moja, mvua zilipopungua, alimkuta kwenye ile ngazi akichimba shimo. Kando yake palikuwa na mche wa mchungwa, haujafika hata magotini.

"Huo utazaa lini?" aliuliza.

"Ah, baba. Mpaka watoto wakue kidogo."

Mzee aliutazama mche. Akamtazama mkwe wake. Alikohoa, akafuta uso kwa mkono, kama mtu aliyeingiwa na vumbi, ingawa udongo wote ulikuwa umelowa.

"Usogeze mbali na ukuta," alisema mwishowe. "Mizizi ikinenepa itasukuma mawe."

Mkwe alifukia shimo lile, akarudi nyuma hatua kadhaa, akaanza kuchimba lingine.