Mlenda wa Mzazi

Kwanza uape. Weka mkono kifuani, useme hutamwambia mtu, hata mumeo, hata yule rafiki yako wa saluni. Umeapa? Haya. Mimi pia niliapa, tena mbele ya katekista, na kiapo changu kilidumu mpaka nilipofika bombani asubuhi yake. Sasa sogea.

Jua lilikuwa linazama. Nilikuwa nimekwenda kununua chumvi ya kesho dukani kwa Salha, hapa hapa Miyuji. Salha ananipimia chumvi huku macho yapo uani kwangu.

"Shikamoo Mama Yotham. Yule mgeni wako ni dada yako?"

"Marahaba. Mgeni gani?"

"Yule mama aliyekuwa anaanika nepi."

"Salha, yule ni Paulina. Mke wa Yotham wangu."

Akacheka. Kisha akaona mimi sicheki.

Paulina ana miaka ishirini na tatu.

Mwanawe, Luka, alikuwa na wiki saba. Kwa wiki mbili alikuwa akishika ziwa, anavuta funda moja, anatema. Analia mpaka sauti inakauka. Mbavu zake ungeweza kuzigusa moja moja. Zahanati wakasema mtoto hana ugonjwa, mama ndiye ale vizuri. Mbona alikuwa anakula! Anakomba sufuria, halafu ananinong'oneza, "Mama, usikasirike... chakula hakina ladha." Na nywele za kwenye paji la uso zikawa zinageuka majivu.

Sasa nikwambie habari za mpangaji wangu, Thobias. Alikuwa fundi saa kule Kizota. Simu zilipoua saa za mkononi, akageukia kitu alichokiita elimu. Alihamia kwangu Pasaka, kichwa cheupe kama pamba, na daftari lake kwapani. Jioni anakuja kukaa karibu na moto wangu.

"Mama Yotham, ladha ndiyo wakati wenyewe," anasema. "Mlenda uliopikwa saa kumi na moja, hiyo saa kumi na moja imelala ndani yake. Anayeipata ladha, anaiishi ile saa. Anayemeza bila ladha, saa inampita bure. Anazeeka tu."

"Baba, wewe tafuta mke akupikie."

"Cheka tu. Lakini chakula cha mzazi anayenyonyesha..." Akameza mate. "Hicho kina wakati wa watu wawili."

Nikaona ni ukichaa wa kukaa peke yake. Hata nywele zake zilipoanza kuwa nyeusi, nilisema anapaka piko, anamtaka yule mjane wa nyumba ya pili. Nikalieneza, Mungu anisamehe.

Kwangu mlenda wa mzazi hutengwa kwanza, kabla kidole cha mtu hakijagusa chungu. Unafunikwa kwenye kisufuria chake jikoni, na haufunuliwi mpaka mwenyewe aje. Hata mimi mkwewe sifunui. Ndiyo maana hakuna aliyewahi kuchungulia.

Basi jioni ile narudi na chumvi yangu. Nafika nyuma ya jiko. Nasikia...

Fyooonz.

Nikatega sikio.

Fyooonz... Pwe.

Nikadhani mbwa. Nilipoingia hapakuwa na mtu. Palikuwa na harufu ya kinywa, ile ya mtu aliyelala siku tatu na homa. Kifuniko cha kisufuria cha Paulina kilikuwa kimekaa upande.

Nikafunua.

Unaujua mlenda, unavutika wenyewe. Lakini huu ulikuwa na povu. Vipovu vidogo, vyeupe, vinapasuka kimoja kimoja. Nikachovya kidole, nikalamba. Hapana chumvi, hapana karanga, hapana hata moshi. Ilikuwa kama kulamba ukucha. Kitu kikaninasa kwenye ulimi. Nikakivuta.

Unywele wa ndevu. Mweupe.

Nilitapika mpaka nyongo. Na kila nikifikiri Paulina amekuwa akikomba kile kisufuria mpaka chini, natapika tena.

Sikupiga kelele. Ningesema peke yangu wangesema bibi kaanza tena umbea wake. Nilitaka macho mengi.

Alhamisi jumuiya yetu ya kanisani ilisali kwangu. Watu wakajaa uani, mbele ya jiko, ambalo mlango wake ni khanga iliyoning'inizwa kwenye kamba, na nyuma lina upenyo wa kuingizia kuni. Nilitwanga pilipili kichaa nane, nikazikoroga kwenye mlenda wa Paulina. Kisha nikatangaza kwa sauti, "Chakula cha mzazi kipo tayari, asiguse mtu!" Tukaanza rozari jua likiwa jekundu.

Fumbo la pili.

Fyooonz.

Paulina akanishika mkono. Mkono wake ulikuwa na mishipa kama wangu. Nikasubiri ukelele wa pilipili. Nikasubiri...

Fyooonz. Pwe.

Hakuna ukelele.

Nikaivuta khanga ikaanguka.

Thobias alikuwa amechuchumaa juu ya kisufuria, mashavu yamevimba. Uzi wa mlenda ulitoka mdomoni kwake mpaka chini, wa kijani, unabembea. Hakushtuka. Alimaliza kufyonza, akatema taratibu, hata tone halikumwagika nje. Katekista akaangusha rozari yake.

"Mama Yotham," akanong'ona. Sauti ilikuwa nyembamba, kama ya kijana anayebalehe. "Zimebaki siku tatu tu nianze maisha upya. Niache nimalize."

"Nirudishie!" Paulina akalia. "Nirudishie mtoto wangu anyonye!"

"Lakini mimi narudisha kila siku, dada." Akamsogezea kisufuria. "Hiki hapa. Hakijapungua."

Yotham akamrukia, akambana taya, akawasha tochi ya simu. Wote tukainama kutazama. Meno yake ya zamani hayakuwepo. Ufizi ulikuwa mwekundu, umevimba, na pale mbele vilikuwa vinachomoza vijino viwili... vidogo kama punje za mchele.

Meno ya maziwa.

Pumzi yake ikatupiga usoni. Haikuwa na pilipili. Ilinuka kifua cha mama anayenyonyesha. Na Luka, ambaye hakuwa amenyamaza tangu mchana, akanyamaza mikononi mwa mama yake, akageuza kichwa, akaanza kumtafuta Thobias kwa mdomo.