Saladi ya Komunyo ya Wislande

Kila Jumamosi jioni Ludmie aliosha viazi. Haikuwa kazi ya kumpendeza, lakini alikuwa ameizoea, kama alivyozoea kuteka maji na kumsuka mdogo wake. Aliviosha kwenye beseni nyuma ya nyumba, akiusugua udongo kwa kidole gumba. Baada ya viazi zilifuata karoti, na mwisho bitiruti, ambazo zilimwacha na mikono kama ya mchinjaji. Pale mjini kwao Petit-Goâve, nyumba ikikosa saladi ya viazi mezani siku ya Jumapili, majirani huuliza kama kuna mgonjwa.

Ludmie alikuwa na miaka kumi na miwili. Yeye na mdogo wake Wislande walilelewa na Bibi Célianne tangu mama yao avuke mpaka kwenda kufanya kazi Santo Domingo. Bibi alikuwa mtu wa mzaha katika mambo mengi, ila si katika saladi. Viazi vichemshwe na maganda yake. Bitiruti zichemshwe kwenye sufuria yao peke yao, na ziingie mwisho kabisa, wakati wa kupakua, ili saladi ibaki nyeupe yenye madoa ya waridi. Mayonezi aliipiga mwenyewe kwa uma, viini vya mayai mabichi na mafuta na ndimu, na hakuipiga mpaka watu wawe wametoka kanisani.

"Yai bichi na joto hili hawapatani," alikuwa akisema. "Ipige asubuhi, uile mchana, usiku utaimba wimbo usioujua."

Jumapili hiyo haikuwa ya kawaida. Wislande alikuwa anapokea komunyo yake ya kwanza. Gauni jeupe lilikuwa limetundikwa ukutani tangu Ijumaa, na hakuna aliyeruhusiwa kupita karibu nalo akiwa na kikombe mkononi. Wageni wangekuja, akiwemo Bi Philomise, mama wa ubatizo wa Wislande, aliyemnunulia viatu na glavu. Na jirani yao Mama Yvrose, anayekaanga nyama ya nguruwe na ndizi pale kwenye kona, alikuwa ameahidi kuleta sinia zima la nyama kama zawadi.

Asubuhi Bibi alifunga kitambaa chake kichwani, akamwita Ludmie.

"Wewe sasa ni mkubwa. Mimi lazima nitangulie kanisani na mdogo wako. Saladi nakuachia wewe. Yule wa mkokoteni ataleta barafu. Akija, weka bakuli juu ya barafu. Ukisikia kengele za kumaliza misa, ndipo upige mayonezi. Si kabla. Umenisikia?"

"Nimesikia, Bibi."

"Hebu sema."

"Kengele kwanza, mayonezi baadaye."

"Haya."

Ludmie akabaki na kazi yake. Alimenya viazi vilivyokwisha kuchemshwa, akavikata vipande vidogo vinavyolingana, akakata karoti, pilipili hoho na kitunguu, akatia njegere. Wali wa maharage ulikuwa tayari, umepumzika juu ya makaa. Alikuwa anamenya mayai ya kuchemsha aliposikia kelele langoni. Alikuwa Nephtalie, rafiki yake, amevaa soksi nyeupe mpaka magotini.

"We Ludmie! Utakaa humo na viazi vyako mpaka mdogo wako azeeke? Bendi imeshafika! Watoto wanajipanga!"

"Siwezi. Namngoja wa barafu."

"Barafu! Wislande atabeba mshumaa wa komunyo ya kwanza mara moja tu maishani, wewe unangoja barafu. Haya, baki, mpishi mkuu. Nitakusimulia."

Nephtalie akaondoka akirukaruka. Tarumbeta zilisikika kutoka upande wa kanisa. Ludmie alilitazama bakuli, akaitazama barabara. Mkokoteni haukuonekana. Akajiambia kwamba mayonezi ni mayonezi, ipigwe sasa au baadaye, na kwamba akiimaliza kazi yote sasa hivi atamwona mdogo wake akiingia. Nani angejua?

Akavunja mayai, akapiga mayonezi mpaka mkono ukamuuma, akaimimina yote bakulini. Kwa haraka akazitia na bitiruti, akakoroga, akafunika bakuli kwa kitambaa safi na kuliacha mezani, hatua chache kutoka kwenye jiko la makaa. Akafunga mlango, akakimbia.

Alimwona Wislande. Hilo nalo tuliseme, kwa kuwa ni kweli: alimwona mdogo wake akipita na mshumaa, akitembea kama aliyebeba yai kichwani, na Wislande alipomwona akatabasamu pengo lote likaonekana. Ludmie alifurahi mno. Lakini padri siku hiyo alikuwa na mengi ya kusema, na alipomaliza jua lilikuwa limekwisha kuwa kali. Ludmie akachomoka kabla ya wimbo wa mwisho.

Nyumbani, jikoni kulikuwa kama tanuri. Wa barafu alikuwa amepita, akakuta mlango umefungwa, akaenda zake. Ludmie alifunua bakuli. Saladi yote ilikuwa nyekundu, kiazi hata kimoja hakikubaki cheupe, na bakuli lilikuwa na uvuguvugu. Akaonja kwa ncha ya kidole. Hakusikia ubaya wowote. Akapanga vipande vya mayai juu, na majani ya kotimiri, akaficha alichoweza kuficha.

Bibi aliingia na wageni nyuma yake. Akalikaribia bakuli.

"Umeichanganya sasa hivi?"

"Sasa hivi, Bibi."

Bibi akaingiza kijiko, akakiinua, akatazama. Akamtazama na Ludmie. Nje wageni walikuwa wanavuta viti, na Bi Philomise alikuwa anauliza kwa sauti kama katika nyumba hii watu hulishwa au huangaliwa tu.

"Haya," Bibi akasema. "Pakua."

Watu walikula. Walikula wali, kuku, ndizi, nyama ya Mama Yvrose, na saladi. Bi Philomise alisogeza sahani yake mara ya pili.

"Nani kaitengeneza hii?"

"Ludmie," akasema Wislande kwa majivuno.

"Kumbe huyu wa kuolewa!"

"Amalize shule kwanza," Mama Yvrose akadakia. "Wanaume wapo tu."

Watu wakacheka. Ludmie hakugusa saladi. Alisema ameshiba.

Kesho yake asubuhi Wislande alikuwa amelala kwenye mkeka, midomo imekauka, ndoo kando yake. Bi Philomise alikuwa amepelekwa zahanati, amewekewa dripu, na binamu zake wawili aliokuja nao kwenye sherehe walikuwa kwenye benchi nje wameshika matumbo. Muuguzi alisema ni chakula. Hakusema chakula gani. Mtaa ndio uliosema. Chakula cha nyumbani hakishukiwi. Hushukiwa cha yule anayeuza. Kabla jua halijapanda vizuri, watu walikwisha kukubaliana kwamba ni nyama ya Yvrose.

Ludmie alisikia shuleni.

"Mama kasema tusinunue tena pale kwenye kona," Nephtalie alimwambia. "Eti anauza nyama ya juzi."

"Nani kasema?"

"Kila mtu. Kwani wewe hujui? Si ilikuwa kwenu?"

Ludmie akainama kufunga kamba ya kiatu ambayo haikuwa imefunguka.

Wiki nzima alipita pale kwenye kona. Njia nyingine ya kwenda nyumbani haikuwepo. Mafuta yalikuwa yanachemka kwenye karai, nyama imepangwa, na hakuna aliyesimama. Wateja wa zamani walivuka barabara mapema, wakijifanya kuna kitu wanakitazama upande wa pili. Siku ya Jumatano Mama Yvrose akamwita.

"Mwanangu, mdogo wako anaendeleaje?"

"Hajambo sasa, Mama."

"Mungu ashukuriwe. Chukua ndizi hizi umpelekee. Ni za moto. Mwambie nimemkumbuka."

Ludmie akazipokea. Alizibeba mpaka nyumbani zikimchoma viganja, akampa Wislande, akaenda kukaa nyuma ya nyumba. Alitamani Mama Yvrose angemtukana.

Jumapili iliyofuata, mchana, Mama Yvrose alikuja kwao. Hakukaa kwenye kiti alichopewa. Alisimama mlangoni akifuta mikono yake kwenye aproni, ingawa ilikuwa mikavu.

"Célianne, mimi na wewe ni watu wa zamani. Niambie usinifiche. Nyama yangu ilikuwa na nini? Nguruwe nilimchinjisha Jumamosi, nikamkaanga Jumapili alfajiri. Najua nilichofanya. Lakini wamesema, wamesema, mpaka nami sasa najishuku. Leo nimerudi na nyama yote. Nimewatupia mbwa. Nilipokuwa natupa nikajiuliza, je, kama ni kweli nimewalisha watu sumu?"

Bibi akakisogeza tena kile kiti karibu naye.

"Si nyama," Ludmie akasema. Sauti ilitoka ndogo mno, ikabidi aseme tena. "Si nyama, Mama. Ni saladi. Niliipiga mayonezi asubuhi nikaenda kutazama bendi. Ilikaa jikoni kwenye joto misa yote. Bibi aliponiuliza, nilidanganya."

Mama Yvrose alimtazama kama mtu anayejaribu kukumbuka amewahi kumwona wapi.

"Na siku zote hizi ulikuwa unapita pale," akasema. "Unanisalimia. Ndizi zangu ukazipokea."

Ludmie akaanza kulia.

"Usimlaumu peke yake, Yvrose," Bibi akasema taratibu. "Mimi niliiona rangi. Saladi iliyochanganywa sasa hivi haiwi nyekundu vile. Nilijua. Wageni walikuwa wameshakaa, nikaona haya kuwapa meza isiyo na saladi siku ya komunyo. Maneno yalipoanza kukuzunguka, nikajiambia labda ni nyama kweli. Nilitaka iwe nyama."

"Mwanamke mzima!" akasema Mama Yvrose. Akavuta pumzi. "Basi msiniambie mimi humu ndani. Mimi sikumtilia mtu shaka. Kawaambieni walionikimbia."

Wakatoka wote watatu. Ilikuwa saa ya watu kurudi kutoka kwenye mchezo wa mpira, na kona ilikuwa imejaa wapita njia. Bibi alitaka kusema yeye, lakini Ludmie akamshika mkono, akasema mwenyewe, mbele ya akina mama, mbele ya Nephtalie, mbele ya vijana waliokaa juu ya ukuta. Alisema yote, mpaka na tarumbeta. Bibi naye akasema sehemu yake.

"Lo!" kijana mmoja akapaza sauti. "Na sisi tumekula mkate mkavu wiki nzima kwa ajili ya viazi!"

Watu wakacheka. Mama Yvrose hakucheka. Lakini jioni ile ile mtu wa kwanza alikuja kununua ndizi, na kesho yake wakaja wengine. Si wote. Baadhi walikwisha kumzoea muuzaji wa karibu na soko, wakabaki huko huko. Bi Philomise, alipotoka zahanati na kuombwa radhi, alimvuta Ludmie sikio na kusema kwamba nusu ya ugonjwa ilikuwa ya sahani ya pili, na hiyo ataijibu mwenyewe kwa Mungu.

Ludmie alianza kwenda kwenye kona kila alipotoka shule, akamenya ndizi. Hakuna aliyemtuma. Mama Yvrose alimwachia kisu na kumwonyesha pa kukaa, na kwa siku nyingi hakumwambia zaidi ya "nyembamba zaidi" na "sogeza ndoo". Siku moja alisema, bila kugeuka kutoka kwenye karai:

"Kukusamehe, nimekusamehe. Usikae unalia juu ya ndizi zangu. Ila ile wiki nilivyojishuku mimi mwenyewe, hilo sijui nifanye nalo nini."

Ludmie alimwambia Bibi maneno hayo walipokuwa wanaanua nguo. Akauliza, "Tutamrudishiaje, Bibi?"

Bibi akakunja shuka polepole, akakutanisha pindo na pindo.

"Hatuwezi, mjukuu wangu. Ile wiki imekwenda. Mayonezi kuharibika si kitu, hata mimi nimewahi kuiharibu. Ungeniambia palepale jikoni, 'Bibi, nimeipiga mapema,' ningekufokea, tungeimwaga, wageni wangekula wali na nyama wakanuna kidogo. Na mimi kama ningekuuliza mara ya pili, badala ya kuogopa wageni, yangeishia hapo hapo. Ukikosea, sema siku ile ile, wakati kosa bado ni lako peke yako. Sisi tulinyamaza wawili, na aliyeumia ni yule aliyetuletea zawadi."

Akampa Ludmie ncha moja ya shuka jingine, wakalikunja pamoja.