Gari Jekundu la Ruben

Kila siku baada ya masomo, Resty alipita nyumbani kuvua sare na kula, kisha akaenda kumsaidia mjomba wake, Benon. Mjomba Benon alikuwa na chumba cha kompyuta mjini Bwera, kando ya barabara inayoteremka kwenda mpakani mwa Kongo. Asubuhi aliwachapia watu barua na kuwatolea nakala za vyeti. Jioni kompyuta zake zilikuwa za watoto na michezo yao. Kazi ya Resty ilikuwa kufagia vumbi la bodaboda, kufunua vitambaa vilivyofunika mashine, na kuangalia zamu za watoto zisivurugwe. Alikuwa na umri wa miaka kumi na mitatu. Wazazi wake walikuwa Kasese, naye alikaa kwa mjomba kwa ajili ya shule.

Kompyuta ya dirishani ndiyo iliyokuwa na nguvu kuliko zote, ingawa kitufe chake cha kuwashia kilikuwa kimevunjika. Mjomba alikuwa hajapata kingine, kwa hiyo aliipanga mashine ile ijiwashe yenyewe kila umeme unaporudi. Na umeme wa Bwera ulikuwa kama mgeni asiye na adabu. Uliondoka bila kuaga na kurudi bila kubisha hodi.

Kwenye kompyuta hiyo ndipo Ruben alipomfundisha Resty mambo mengi. Ruben alikuwa mtoto wa Marlène, mama wa Kikongo kutoka Butembo aliyeuza vitenge sokoni, na ambaye watu wote walimwita Mama Ruben. Kijana huyo alipenda mchezo wa mbio za magari. Lakini mchezo wenyewe ulikuwa mzito. Ulianza kwa picha ndefu za kujitangaza, na watoto walipoteza sehemu kubwa ya zamu zao wakizitazama. Siku moja Ruben alimwonyesha Resty namna ya kuzikwepa. Alibofya alama ya mchezo kwa kitufe cha kulia cha kipanya, akafungua ukurasa wa sifa zake. Hapo ulionekana mstari unaoiambia kompyuta mchezo umehifadhiwa wapi. Mwishoni mwa mstari huo Ruben aliacha nafasi, akaandika kistari na neno moja la Kiingereza.

"Hii iko amri," alisema. "Muchezo ikiamka, inasoma hii kwanza. Nimeiambia: ruka picha."

Wakaufungua. Picha hazikutokea. Magari yalikuwa barabarani tayari.

"Na nikitaka kuona tena mbio nilizokimbia jana?" Resty aliuliza.

"Iko amri yake pia. Unaandika kistari, halafu replay, halafu jina la mbio ulizohifadhi. Gari inajiendesha vile uliiendesha. Wewe unakaa tu, unakula karanga."

Gari la Ruben lilikuwa jekundu, na juu ya paa lake lilielea jina lake kwa herufi nyeupe. Alikuwa na mtindo wake pia. Kila alipofika darajani, hata akiwa mbele, alisimama, akapiga honi mara mbili, akawasubiri wenzake, ndipo akaondoka tena. Watoto walimcheka kwa kujiringa huko, lakini hakuna aliyewahi kumshinda.

Likizo ilipofika, Ruben alivuka mpaka kwenda kumsalimu bibi yake Butembo. Huko alishikwa na homa kali. Habari iliyofuata kufika Bwera ilikuwa ya mazishi yake.

Baada ya hapo, kompyuta ya dirishani ilitwaliwa na Ronnie, mvulana wa darasa la saba mwenye sauti nene na mabega mapana. Zamu yake ikiisha, hakuinuka.

"Ondoka, Ronnie, ni zamu yangu," Resty alimwambia siku moja.

"Zamu yako bado imelala. Wewe nenda ukafagie."

Wenzake wakaangua kicheko. Resty alikwenda kufagia kweli, lakini kila alipopitisha ufagio aliwaza namna ya kumkomesha Ronnie.

Kesho yake alifika mapema, kabla watoto hawajaja. Alitafuta ndani ya mashine akakuta mbio za Ruben bado zimehifadhiwa, pamoja na zile alizokimbia peke yake. Akafungua sifa za mchezo. Mwishoni mwa mstari akaandika amri moja ya kuruka picha, nyingine ya kuufanya mchezo ujaze kioo chote, kisha ya tatu: replay, na jina la mbio mojawapo, ambazo Ruben alizihifadhi kwa jina lake mwenyewe. Alipomaliza alinakili alama ile, akaiweka kwenye folda ya vitu vinavyojifungua kompyuta inapowaka. Alitaka kumtisha Ronnie tu, basi. Hata hivyo alipoinuka alijisikia kama mtu aliyevaa nguo ya mwenzake bila ruhusa.

Jioni hiyo umeme ulikatika. Ukungu uliteremka kutoka milimani ukaficha maduka ya ng'ambo ya barabara, na chumbani kukawa na giza. Watoto waliketi kimya mbele ya vioo vyeusi wakingoja. Mara taa zikawaka. Kompyuta nyingine zilibaki zimezimwa, lakini ile ya dirishani ilianza kunguruma. Kioo chake kikapata mwanga, kikawa samawati, kisha barabara ikatokea, na juu ya barabara gari jekundu. Lilikuwa linakwenda.

"Nani anaendesha?" Ronnie aliuliza. Mikono yake ilikuwa mapajani. Aliinyoosha, akabonyeza kitufe kimoja, kisha kingine. Gari halikumsikiliza. Lilikata kona taratibu, na jina likaonekana juu ya paa.

"Ni Ruben," alinong'ona Hamidah, msichana aliyesoma darasa moja na Resty.

"Ruben alizikwa," Ronnie alisema, na ile sauti yake nene ilikuwa imekonda.

Gari lilifika darajani. Likasimama. Likapiga honi mara mbili.

Ronnie ndiye aliyetangulia mlangoni. Wenzake walimfuata wakisukumana, kiti kikaanguka, na punde si punde Resty akabaki peke yake. Alitaka kucheka, lakini kicheko hakikutoka. Gari bado lilikuwa limesimama darajani likisubiri, na nyuma yake barabara ilikuwa tupu mpaka mwisho. Siku ile Ruben alikuwa amekimbia peke yake. Hapakuwa na wa kumsubiri. Resty akachomoa waya ukutani.

Habari ilienea Bwera yote kabla ya chakula cha usiku. Watoto hawakuja tena. Halafu na watu wa barua wakaanza kupita mbali. Jirani mmoja alimshauri mjomba aitupe mashine hiyo mtoni. Mjomba Benon alijua kuchapa na kutengeneza waya, lakini mambo ya michezo hakuyajua. Aliichunguza mashine ndani na nje, hakuona kasoro, akaifunika kitambaa.

"Resty, mama, wewe hukuona kitu?" aliuliza.

"Sikuona kitu, mjomba," Resty alijibu, macho yake yakiwa sakafuni.

Siku iliyofuata alikuja Mama Ruben. Alikuwa amejifunga kitenge cheusi cha msiba, na uso wake ulikuwa umesinyaa.

"Baba Benon," alisema kwa upole, "nimesikia mutoto wangu anapita hapa. Nifunulie."

Mjomba alishindwa kumkatalia. Alifunua, akachomeka waya. Gari jekundu likatokea, na Mama Ruben akaketi mbele yake, mikono akiwa ameikunja kifuani.

"Ruben, unaenda wapi peke yako?" aliliuliza gari. "Umekula?"

Gari lilisimama darajani, likapiga honi.

"Ndiyo, papa," mama aliitikia, kwa maana ndivyo alivyozoea kumwita mwanawe. "Mi niko hapa."

Resty alikuwa mlangoni na ufagio. Alitoka nje, akaegemea ukuta.

Tangu hapo Mama Ruben alikuja kila siku. Vitenge vyake vilibaki vimefungwa sokoni. Resty alikata shauri kuyamaliza mambo hayo kimyakimya, bila mtu kujua. Mchana mmoja mjomba alipokuwa amekwenda Kasese kununua wino, alifungua sifa za mchezo akafuta amri zote mwishoni mwa mstari. Akapumua. Kisha, ili kuhakikisha, akachomoa waya na kuuchomeka tena.

Nje palikuwa kimya. Mashine ikanguruma. Kioo kikawa samawati, barabara ikajitandaza, na gari jekundu likaja likikata kona zilezile, jina likiwa juu ya paa.

Safari hii hata Resty hakuelewa. Maneno aliyaandika yeye na aliyafuta yeye, na bado Ruben alikuwa anakuja. Gari lilipunguza mwendo kuelekea darajani, na kabla honi haijalia Resty alikuwa ameshabamiza mlango nyuma yake na kufika barabarani, akikimbia bila kujua aendako.

Miguu ilimpeleka sokoni. Nyuma ya kibanda cha vitenge alisikia sauti za akina mama, akasimama. Dada zake Mama Ruben walikuwa wamevuka kutoka Butembo. Walikuja kuondoa matanga Jumamosi na kugawa nguo za marehemu, kama desturi yao ilivyo.

"Marlène, siku zimepita," mmoja alisema. "Wote wako wanangoja. Mutoto apumzike, na wewe upumzike."

"Mutoto gani apumzike?" Mama Ruben alijibu. "Mi namuona kila siku. Mutu angali anatembea, nguo zake nitazigawa namna gani? Akirudi, atavaa nini?"

Resty alisimama pale mpaka machozi yakamdondokea shingoni. Hakurudi chumbani. Alikwenda kituoni, akangoja gari la Kasese, na mjomba aliposhuka na katoni yake ya wino, Resty alimweleza yote, tangu zamu ya Ronnie hadi gari lililokataa kufutika.

Mjomba Benon aliiweka katoni chini. Hakufoka. Afadhali angefoka.

"Ulinakili alama, sivyo?" aliuliza mwishowe. "Ulifuta amri kwenye ile ya mbele. Na ile nakala?"

Resty alishika mdomo. Alidhani nakala hubadilika pamoja na ile iliyonakiliwa. Kumbe kila moja ilikuwa na mstari wake na amri zake.

"Basi twende tukaifute, mjomba. Hatajua."

"Hapana. Tukiifuta kwa siri, atafikiri mtoto amemkimbia. Utamzika Ruben mara ya pili, na mama yake hatajua sababu. Kwanza utamwambia."

Walimkuta Mama Ruben ameketi nje ya chumba, akingoja kufunguliwa. Resty alipiga magoti mbele yake. Alikuwa amepanga maneno mazuri njiani, yote yakapotea.

"Mama Ruben, si yeye anayekuja. Ni mimi niliyeiandikia kompyuta amri. Nilitaka kumtisha Ronnie. Nisamehe."

Mama Ruben alimtazama kama mtu anayesikia lugha ngeni. Waliingia ndani. Resty alifungua ile folda, akamwonyesha nakala, akamwonyesha mstari na jina la mwanawe mwishoni mwake. Alifuta herufi moja baada ya nyingine. Mjomba alichomoa waya, akauchomeka. Mashine iliwaka, ikaonyesha alama zake za kawaida, ikatulia. Walingoja. Hakuna gari lililokuja.

Mama Ruben alifunika uso kwa ncha ya kitenge. Alilia kwa muda mrefu, na hakuna aliyethubutu kumgusa.

"Ile gari," aliuliza alipoweza kusema, "nani aliiendesha?"

"Ni Ruben mwenyewe, mama. Kabla hajaenda Butembo. Kompyuta ilihifadhi alivyoendesha, na hicho ndicho inachoonyesha. Sikuongeza kitu."

"Kwa hiyo hiyo ni kazi ya mikono yake."

"Ndiyo, mama."

"Andika tena. Mara moja tu. Nilikuwa naangalia kama anakuja. Sasa niangalie vile alikuwa."

Resty aliandika. Mama Ruben alitazama mbio zile mwanzo hadi mwisho, akatabasamu kidogo kwenye kona moja, wala hakulisemesha gari. Lilipofika mwisho alisimama, akapangusa macho.

"Funga," alisema. "Isijianzishe tena. Siku mi nikitaka, nitakuja kukuomba. Na Jumamosi uje kwangu asubuhi kuteka maji ya wageni. Utawaambia dada zangu wewe mwenyewe, kwa mudomo wako, kwa sababu mi walinifikiri nimerukwa na akili."

Jumamosi Resty aliteka maji, akaeleza yote mbele ya akina mama wote. Walimkemea, kisha wakampa sufuria aoshe. Mchana matanga yaliondolewa. Nguo za Ruben ziligawiwa kwa binamu zake, na Mama Ruben alizikunja mwenyewe, shati kwa shati.

Jioni mjomba alikuja kumchukua.

"Ruben alikufundisha amri zile ili mashine kuukuu ziwafae watoto," mjomba alisema. "Hakukosea, na wewe usiache kujifunza. Lakini kompyuta haijui mzaha wala msiba. Ukishaiamrisha ukaondoka, inaendelea kutenda mbele ya watu ambao hukuwafikiria. Uongo nao ndivyo ulivyo. Ulimlenga Ronnie, ukamwangukia mama wa watu. Ulipojaribu kuufuta gizani, nakala yake ilikuwa bado inatembea. Aliyeuandika ndiye wa kuufuta, tena mbele ya wale waliouona."

Resty alihesabu moyoni waliouona. Mama Ruben na dada zake walikuwa tayari. Hamidah alikuwa ameambiwa asubuhi.

"Bado Ronnie na wenzake," alisema.

"Atakucheka mwaka mzima."

"Najua, mjomba."

Mjomba Benon alisimama kwenye njia panda, akamsubiri achague. Resty alishika njia ya kwenda kwa akina Ronnie.